Mnaniuliza kila siku: kuandika maneno ya filamu Ufaransa kunalipa?

Haya jamani, za huko. Najibu hili kwa sababu komenti haziishi, kila video ni hilohilo, "dada, hiyo kazi ya kuwaandikia waigizaji maneno inalipa? na sisi tuje?" Najua kuna atakayesema najishaua na mwingine atasema nalialia, si urudi nyumbani. Sijishaui, nasema ninayoyajua.

Huku anayeandika mazungumzo anaitwa dialoguiste, na jina lake linasimama peke yake kwenye filamu, sio lazima awe ndiye katunga hadithi. Chukua filamu ya Les Tontons flingueurs ya 1963, riwaya iliyotoka ni ya Albert Simonin, mwongozaji ni Georges Lautner, lakini wanachokariri Wafaransa mezani mpaka leo ni maneno ya Michel Audiard. Na Audiard hakusomea filamu! Mtoto wa Paris, fundi wa kuchomelea vyuma, akasambaza magazeti, akaingia kwenye uandishi wa habari, filamu ya kwanza 1949 akiwa na miaka 29. Lugha yake aliitoa mtaani, na hilo linanipa moyo sana maana mimi pia maneno yangu yametoka kwenye daladala na kwa mama ntilie.

Sasa hela. Sheria ya huku inamhesabu mwandishi wa mazungumzo kuwa mmoja wa watunzi wa filamu, sawa na mwongozaji, kwa hiyo ikirushwa kwenye TV ana chake, na kipo chama cha watunzi, SACD, tangu 1777, kinamkusanyia. Lakini waigizaji na mafundi wakikosa kazi wana mfumo wao wa kuwalipa, mwandishi hayumo, kazi ikikata imekata. Halafu uende kuhuisha kibali cha kuishi wanataka mikataba, ankara, kodi, na mimi nilikuwa na mkataba mmoja na rundo la imeili za ahadi, nikarudishwa mara tatu, kila mara karatasi nyingine.

Na hili bado linaniuma. Niliandika maneno ya mama wa Kitanzania kwenye filamu fupi, wiki tatu, kila sentensi naisema kwa sauti jikoni mpaka ikae mdomoni. Siku ya kuonyeshwa, yule mama anamwambia mwanae "pole mwanangu, umekula?" ukumbi mzima kimya, watu wanafuta machozi, halafu majina yanapita, langu liko chini kabisa kwenye shukrani. Shukrani! Hatukusainishana chochote, ningeenda kudai na nini?

Kwa hiyo asije mtu akauza kiwanja kwa sababu ya video yangu, haya ni yangu mimi, kuna wenzangu yamewanyookea mapema tu. Ila sasa hivi siandiki hata mstari kabla ya kusaini. Jumanne nimesaini filamu ndefu, jina langu limo kwenye mkataba ukurasa wa kwanza, na mbele yake wameandika: dialogues.