Maji Yakishachemka, Punguza Moto

Asanteni. Nimepewa dakika 20 kuzungumzia jinsi ya kukokotoa kiasi cha joto. Wengi wenu hapa Kisumu mmeshanisikia nikililia jambo hili, kwa hivyo ile kanuni, kilo za kitu mara joto linalodaiwa na kila kilo kwa nyuzi moja mara nyuzi zilizopanda, siiandiki ubaoni. Mnaijua, hata yule anayesinzia pale nyuma anaijua. Ugomvi wangu ni kwamba mnaiamini kupita mpaka wake. Inafanya kazi mpaka maji yachemke. Hapo inakoma.

Chukueni lita 2 za maji ya mfereji, yaani kilo 2, tuseme yana nyuzi 24. Hapa tuko mita 1,130 hivi juu ya usawa wa bahari, basi yatachemka karibu na nyuzi 96. Yamepanda nyuzi 72. Kila kilo inadai jouli 4,200, jouli ikiwa ndiyo kipimo chetu cha joto, kwa kila nyuzi moja. 2 mara 4,200 mara 72: jouli 604,800. Mwanafunzi anapiga mstari chini ya jibu, mwalimu anatia alama ya vyema, wote wanaenda chai. Na moto je? Moto bado unawaka!

Acheni yatokote mpaka nusu iishe. Kilo 1 imegeuka mvuke, na kilo hiyo peke yake imekula takriban jouli 2,260,000. Gawanyeni wenyewe. Ni karibu mara nne ya joto lote lililotumika kuichemsha sufuria nzima, na kipimajoto hakikusogea. Joseph Black alilipima joto hili fiche kule Glasgow katika miaka ya 1760. Linaingia kwenye maji lakini halipandishi nyuzi, kwa sababu lina kazi nyingine: kuzitenganisha molekuli za maji zilizoshikana.

Sasa niwapeleke jikoni. Shule moja, jina tuliache, nilimkuta mpishi ana sufuria kubwa ya maharagwe inatokota wazi, bila kifuniko, naye anasukuma magogo chini. Nikamwuliza, ndugu yangu, mbona kuni nyingi hivyo? "Mwalimu, moto ukipungua maharagwe yatakataa." Nikaomba kipimajoto kutoka maabara, tukakitumbukiza. Nyuzi 96. Akaongeza magogo mawili, mapovu yakaruka mpaka sakafuni. Nyuzi 96. Tukayatoa magogo karibu yote, tukafunika, yakabaki yanatokota polepole. Nyuzi 96. Mpishi alicheka mpaka akakaa chini. Kilichoniuma ni kwamba hatua chache kutoka pale kulikuwa na darasa la fizikia, mada ikiwa hiyo hiyo, na hakuna aliyewahi kuvuka ua akamweleza yule mtu kwamba kuni za shule zinapaa kupitia paa la jikoni.

Najua mtakachosema. "Lakini moto mkali huivisha haraka." Kabla ya kuchemka, ndiyo, maji yatafika nyuzi 96 mapema. Yakishafika, harage halijui una magogo mawili au kumi. Linajua nyuzi 96 tu. Ukitaka liive upesi, tumia sufuria ya presha: mvuke ukizuiwa kutoka, maji hupita nyuzi 100 kabla ya kuchemka.

Na kuna mwalimu hapa anaguna: "Kitabu kinasema 100." Kinasema 100 kwa usawa wa bahari. Kafundishe hiyo Mombasa. Nakuru iko juu zaidi yetu, mita 1,850 hivi, na maji huchemka kwenye nyuzi 94 hivi. Hewa iliyo juu ya maji hayo ni chache, haiyakandamizi sana. Ndiyo maana maharagwe ya Nakuru hukawia kuiva kuliko yetu, hata yakiwa ya gunia moja. Swali la mtihani likikupa 100, tumia 100, chukua alama zako. Lisipotaja, muulize mwanafunzi: sufuria iko wapi?

Mwenyekiti ananionyesha saa. Haya, mbio mbio. Sufuria nayo hupata joto. Ya alumini ya nusu kilo, kwa jouli 900 kwa kilo kwa nyuzi, inachukua 32,400 kufika pale pale. Kidogo, lakini mtahini huitafuta. Barafu: kilo 1 ya nyuzi sufuri inakula jouli 334,000 kuwa maji ya nyuzi sufuri, na joto kiasi hicho hicho lingeyapandisha maji hayo mpaka karibu nyuzi 80. Kwa hivyo anayebeba samaki kutoka Dunga, pale ufuoni mwa ziwa, hubeba barafu, habebi maji baridi. Upepo wa ziwani nilikuwa nimeuandalia mchoro mzuri, lakini basi.

Maswali? Wewe mama wa mbele, anza. Na yule aliyeguna ajiandae, zamu yake yaja.