Nani Anajua Nini: Kuibeba Siri ya Familia Msimu hadi Msimu

Ndugu zangu waandishi wa skripti, karibuni. Leo tutazungumzia chombo kimoja tu cha kazi yetu: daftari la wanaojua siri.

Anayeanza kuandika tamthilia ya mafumbo hudhani siri ni tukio: mtoto si wa baba yake, kaka mkubwa hakufa ajalini. Hayo husemwa kwa sentensi moja, na sentensi moja haijazi misimu mitano. Kinachoijaza ni watu wanaoijua siri. Unahitaji angalau watatu: aliyetenda, aliyemfichia, na ambaye maisha yake yamejengwa juu ya uongo huo. Huyo wa katikati ndiye wa kumtunza, maana lolote atakalofanya atamwumiza mmojawapo. Mwondoe, utabaki na mshukiwa na mpelelezi, na hiyo si tamthilia ya familia tena.

Chora jedwali: kila mhusika na mstari wake, kila sehemu ya tamthilia na safu yake. Katika kila kisanduku weka alama moja kati ya nne: hajui, anashuku, anajua, ameamini uongo. Hii ya nne husahaulika sana, na ndiyo yenye faida kuliko zote, kwa sababu aliyeamini uongo hutenda kwa kujiamini na kuharibu mambo kweli kweli.

Soma safu husika kabla ya kuandika mazungumzo yoyote. Tuseme shangazi aliujua ukweli katika sehemu ya 9. Katika sehemu ya 14, mezani, mgeni anauliza mtoto amefanana na nani. Ukimfanya shangazi acheke pamoja na wenzake bila chochote, umelivunja daftari. Ajibu haraka kupita kiasi, au ainuke kufuata maji ambayo hakuna aliyeyaomba. Kamera isimng'ang'anie. Atakayeirudia sehemu hiyo baadaye ataliona mwenyewe.

Ambatanisha karatasi ya miaka: kuzaliwa, ndoa, safari, vifo. Siri za uzazi hufia kwenye hesabu. Msimu wa 1 mzee alisema alikaa ng'ambo miaka mitatu, kauli ya kupita tu. Msimu wa 4 anatajwa kuwa baba wa binti aliyetungwa mimba katikati ya miaka hiyo. Watazamaji watahesabu miezi, msiwe na shaka.

Sasa, lini ufichue? Twin Peaks, tamthilia ya mafumbo ya Marekani, ilianza Aprili 1990 kwenye kituo cha ABC. Kwa shinikizo la kituo, Novemba mwaka huohuo ikaonyeshwa kwamba aliyemuua Laura Palmer, msichana ambaye kifo chake ndicho fumbo la tamthilia, ni baba yake. Takriban nusu ya sehemu zote 30 zilikuwa bado, na Juni 1991 tamthilia ikafungwa. Wengi hulaumu kufichua mapema. Mimi naona kosa ni kutokuwa na deni la pili. Siri ya kwanza inapotoka, iwe tayari imezaa swali ndani ya familia ileile: mama alishuku tangu lini? Swali hilo lipandwe angalau sehemu sita kabla, la sivyo litaonekana kiraka.

Waandishi wa Dallas, tamthilia nyingine ya Marekani kuhusu familia tajiri ya mafuta, walilipanga vizuri zaidi fumbo lao. J.R., mhusika wake mkuu, alipigwa risasi Machi 1980, na jibu likaja Novemba 21, baada ya mgomo wa waigizaji kuchelewesha msimu mpya. Nchini Marekani walitazama watu wapatao milioni 83. Ili jibu lisivuje, waigizaji kadhaa walirekodiwa wakimpiga J.R. risasi. Lakini jibu lenyewe, Kristin, shemeji yake na hawara yake, halikuwa la kuokotwa: alikuwa ndani ya nyumba, na chuki yake ilishaonekana.

Baadaye Dallas hiyohiyo ikajikwaa. Bobby, mdogo wake J.R., alikufa Mei 1985. Mwigizaji wake aliporudi, msimu mzima ukageuzwa kuwa ndoto ya Pam, aliyewahi kuwa mke wa Bobby. Knots Landing, tamthilia dada, tayari ilikuwa imemwomboleza Bobby, na kifo chake huko hakikufutwa kamwe. Kwa hiyo tamthilia mbili zikishirikiana familia, ziwe na daftari moja. Na mwigizaji akiondoka, mpeleke mhusika wake mbali badala ya kumzika, kisha mwandikie katika daftari alichokuwa anakijua siku aliyoondoka. Akirudi baada ya misimu miwili, hapo ndipo utakapoanzia kumwandikia.