"Family" Haikutoka Kwenye "Father and Mother I Love You"

Shikamooni wakubwa, na vijana mambo vipi. Karibuni. Leo nimewaleta Oxford, barabara ya Banbury, na hiki kitu chekundu mnachokiona pembeni yangu ni sanduku la posta. Kwa nini nimekuja kurekodi mbele ya sanduku la posta mtaelewa baadaye. Kuna jambo lazima lianze.

Kuna ujumbe unazunguka kwenye makundi ya WhatsApp huko nyumbani, na najua wengi mmeupata. Unasema FAMILY ni "Father And Mother I Love You". Unasema NEWS ni "North, East, West, South", yaani habari za pande zote nne. BIBLE ni "Basic Instructions Before Leaving Earth". GOLF ni "Gentlemen Only, Ladies Forbidden", kwamba wanawake hawaruhusiwi. Chini kabisa umeandikwa: watumie na wengine wajifunze. Na watu wanatuma kweli! Mimi umeniletea mwalimu wa Kiingereza wa sekondari, mtu ninayemheshimu sana, akaniambia wiki ijayo anawaandikisha wanafunzi wake wa kidato cha pili. Ndiyo sababu nimewasha kamera leo.

Ndugu zangu, hakuna hata moja kati ya hizo iliyo kweli.

Chukua Biblia. Sisi kwa Kiswahili tunasema Biblia, na hapo tayari tuna jibu mdomoni. Ni neno la Kigiriki. Wagiriki walisema "biblia" wakimaanisha vitabu, kwa wingi, na "biblos" lilikuwa jina la mafunjo, ile mimea ya kando ya mto Nile iliyotengenezewa karatasi za kale. Wakristo wa karne za mwanzo walikuwa wakilitamka neno hilo kabla hakujawa na lugha inayoitwa Kiingereza. Sasa niambie, Mgiriki wa zamani zile angewezaje kuunda neno kwa herufi za kwanza za maneno ya lugha ambayo haijazaliwa? Mchungaji akiutumia ule usemi madhabahuni ili waumini wakumbuke jambo, mimi sina ugomvi naye, ni mbinu nzuri ya kufundishia. Ugomvi wangu unaanza anaposema hapo ndipo neno lilipotoka.

"Family" nayo ni Kilatini, "familia", na mzizi wake ni "famulus", maana yake mtumishi au mtumwa wa nyumbani. Kwa Warumi familia ilikuwa watu wote walio chini ya mamlaka ya bwana mmoja: mke, watoto, na watumwa. Mara nyingine walilitumia kwa watumwa peke yao. Waingereza walipolichukua, kwa muda mrefu lilijumuisha watumishi wa nyumba. Hii maana ya baba, mama na watoto wao imekuja kutawala baadaye sana. Ukimwambia mwanafunzi hivyo, umempa historia ya kweli ya jinsi nyumba za watu zilivyokuwa. Ukimpa "nakupenda baba na mama", umemnyima.

"News" ni rahisi. Ni "new", yaani -pya, ikatiwa wingi: mambo mapya. Wafaransa nao wanasema "nouvelles" kwa namna ileile. Na kwenye vitabu vya zamani vya Kiingereza utalikuta limeandikwa "newes". Hiyo E ya pili tuiitie upande gani wa dunia?

Golf, mwaka 1457 bunge la Uskoti lilipiga marufuku mchezo huo pamoja na kandanda, kwa sababu wanaume walikuwa wanacheza badala ya kufanya mazoezi ya upinde na mishale. Kwa hiyo sheria ya kwanza tuliyonayo inayotaja golf iliwakataza hao hao wanaume.

Sasa kwa nini hizi hadithi zinatuingia kirahisi hivi? Kwa sababu sisi tumekulia ndani ya vifupisho. Tunasema TANESCO, lile shirika la umeme la Tanzania, kama vile ni neno. Tulisema MKUKUTA, ule mkakati wa Tanzania wa kupunguza umaskini, tunasema UKIMWI, na mtoto anaweza kulitumia neno UKIMWI miaka mingi kabla hajajua kwamba ni upungufu wa kinga mwilini. Kwetu ni jambo la kawaida kabisa, kwa hiyo tunadhani watu wa kale nao walifanya hivyo. Hawakufanya, au walifanya kwa nadra mno. Kwenye Kiingereza, tabia ya kuchukua herufi za kwanza na kuzitamka kama neno moja ilishika kasi karne ya 20, hasa kwenye vita viwili vya dunia, kwa sababu majeshi na serikali zilikuwa na majina marefu na zinataka kuandika kwa ufupi. Rada ni ya mwaka 1940, jeshi la majini la Marekani. Leza ni ya mwishoni mwa miaka ya 1950. Hata lile neno la Kiingereza la kuviita vifupisho vya namna hiyo, "acronym", lenyewe ni la miaka ya 1940. Basi ukiambiwa neno lililokuwepo tangu enzi za wafalme limetokana na herufi za kwanza, shtuka.

Hata SOS, ile ishara ya meli kuomba msaada, ambayo ni herufi tupu, watu wameitungia. Wanasema "Save Our Souls". Ukweli ni kwamba Wajerumani waliipitisha mwaka 1905, na mkutano wa kimataifa uliofanyika Berlin mwaka 1906 ukaikubali, kwa sababu ya sauti yake kwenye Morse, ule mfumo wa kutuma herufi kwa nukta na mistari: nukta tatu, mistari mitatu, nukta tatu. Hata kama mawimbi ni mabaya na mpokeaji amechoka, hawezi kukosea. Herufi zenyewe hazikuwa kifupi cha kitu chochote. Hizo "souls" zilipachikwa baadaye.

Najua mtu anajiuliza, wewe umejuaje haya yote? Swali zuri, na jibu lake ndilo hili sanduku.

Hii nyumba iliyo nyuma yangu, namba 78, aliishi mtu anaitwa James Murray. Mtoto wa fundi cherehani kutoka kijijini Uskoti, aliacha shule akiwa na miaka 14 kwa sababu ya hali ya nyumbani, akajisomesha mwenyewe lugha moja baada ya nyingine. Mwaka 1879 akakabidhiwa kazi ya kuhariri kamusi kubwa ya Kiingereza, ile tunayoiita leo kamusi ya Oxford. Wazo lenyewe lilikuwa limeanza mwaka 1857 kwenye chama cha wanaisimu cha London, na lilikuwa linasuasua. Murray akatoa tangazo kwa watu wote wanaosoma Kiingereza, Uingereza, Marekani na kwenye makoloni. Aliwaambia hivi, nafupisha: soma vitabu, ukikuta neno limetumika vizuri, nakili sentensi nzima kwenye kipande cha karatasi, andika jina la kitabu, mwaka na ukurasa, nitumie.

Na watu wakatuma! Mamilioni ya vipande vya karatasi. Hapo bustanini alijenga kibanda cha mabati chenye rafu zilizogawanywa vijumba vidogo vidogo, na watoto wake kumi na mmoja walikuwa wanapanga karatasi kwa alfabeti wapate vijisenti vyao. Barua zilikuwa nyingi kiasi kwamba posta waliona bora wamwekee sanduku mbele ya nyumba. Ndilo hili. Bado lipo, na bado watu wanatumbukiza barua.

Mmoja wa waliotuma karatasi nyingi kupita kiasi alikuwa William Minor, daktari wa zamani wa jeshi la Marekani. Mwaka 1872, akiwa anaumwa akili, alimpiga risasi na kumuua mfanyakazi mmoja hapo London, mtu asiye na hatia, akiwa njiani kwenda kazini usiku wa manane. Mahakama ikamweka kwenye hospitali ya Broadmoor. Humo ndani, akiwa amezungukwa na vitabu vyake, alinakili sentensi kwa miaka na miaka akimtumia Murray. Kila nikisoma habari zake nasikia uzito, kwa mjane wa yule mfanyakazi na kwa huyo daktari mwenyewe.

Murray alifariki mwaka 1915, kamusi haijaisha. Iliisha 1928, ikiwa na maneno zaidi ya 400,000 na sentensi za mifano zaidi ya milioni 1.8. Hiyo ndiyo maana ya kujua asili ya neno. Hauulizi nani ana hadithi tamu. Unauliza: nani aliliandika, wapi, mwaka gani, na kabla ya hapo liliandikwaje.

Na sasa nifike kwenye neno ninalolipenda kuliko yote, maana hili linakwenda kinyume na yote niliyosema. Kuna neno moja maarufu duniani ambalo kweli limetokana na herufi za kwanza, na ni la zamani kuliko rada kwa miaka mia moja. Ni OK.

OK imetungiwa hadithi nyingi sana. Wapo waliosema ni Kigiriki, "ola kala", mambo yote mazuri. Wapo waliosema ni lugha ya Wachoktaw, Wahindi Wekundu wa Marekani, na Rais Woodrow Wilson aliiamini hiyo kiasi cha kuandika "okeh" kwenye nyaraka zake. Wapo waliosema ni Kiwolofu kutoka Senegali, "waw kay", ikapelekwa na Waafrika waliouzwa utumwani. Hii ya mwisho nimetumiwa na watu wengi, na naelewa kwa nini tunaipenda. Lakini upendo si ushahidi, na karatasi inayoiunganisha na OK ya magazetini haijapatikana.

Aliyeipata karatasi ni profesa Allen Walker Read wa Chuo Kikuu cha Columbia, New York. Alipekua magazeti ya zamani kwa miaka mingi, akachapisha matokeo yake mwaka 1963 na 1964. OK ilitoka kwenye gazeti la Boston Morning Post, tarehe 23 Machi 1839.

Miaka ile pale Boston kulikuwa na mtindo kwa waandishi wa magazeti: kufupisha maneno kwa utani, tena kwa kuyakosea makusudi. Mnakumbuka enzi za SMS za kulipia kila ujumbe, vijana wakiandika "xaxa" badala ya sasa, na "cjui" badala ya sijui? Ndivyo hivyo hivyo. "All right" waliandika "oll wright", ikawa O.W. Na "all correct", mambo yote sahihi, waliandika "oll korrect", ikawa O.K. Utani wenyewe ulikuwa kwamba O si sahihi na K si sahihi, halafu inasema mambo yote sahihi.

Vifupisho vingine vyote vya mtindo ule vilikufa. Huu mmoja ulipona kwa sababu ya uchaguzi. Mwaka 1840 Rais Martin Van Buren alikuwa anagombea tena, na kijiji alichozaliwa, jimbo la New York, kinaitwa Kinderhook. Wafuasi wake wakamwita "Old Kinderhook", Mzee wa Kinderhook. Herufi zake? O.K. Wakaanzisha klabu za OK, wakapita nazo kwenye mikutano. Wapinzani nao hawakulala: wakaeneza kwamba Rais aliyemtangulia, Andrew Jackson, hajui kuandika, na ndiye aliyekuwa akisaini nyaraka "oll korrect" akidhani ni sawa. Uongo mtupu wa kampeni, ila ulilieneza neno nchi nzima. Van Buren alishindwa uchaguzi. OK ikabaki. Kisha ikaja telegrafu, yaani kutuma ujumbe kwa waya, na reli, na wafanyakazi wa telegrafu walihitaji neno fupi la kusema "nimepata, endelea". Herufi mbili zilitosha.

Angalia tofauti. Hadithi ya FAMILY haina tarehe, haina gazeti, haina mtu. Ya OK ina siku, ina mji, ina gazeti unaloweza kwenda kulifungua, na ina sababu ya neno kuzaliwa na sababu ya kutokufa. Mwalimu wangu, kama unataka kuwapa kidato cha pili neno moja wakae nalo, wape hili. Wape na mwaka. Waambie watafute "radar" na "laser" wenyewe, hizo ni herufi za kweli. Na wakikuuliza "news", waandikie ubaoni "newes" uwaachie wafikiri.

Kabla sijazima, kuna kijana wa Kisumu ameuliza kama "cop", yaani polisi, ni "Constable on Patrol". Hapana mdogo wangu. Kulikuwa na kitenzi cha mitaani, "to cop", kukamata. Anayekamata akaitwa "copper", na hilo limeandikwa kwa maana ya polisi tangu katikati ya miaka ya 1800. Wakalikata likabaki "cop".

Kama unalo jingine la herufi herufi, niandikie hapo chini, na useme ulilisikia wapi na kwa nani. Nitakwenda kulitafuta maktaba na nitakuletea mwaka wake. Haya, tuonane.