Mti Huchaguliwa na Kazi

Asalaam aleikum. Tumsifu Yesu Kristo. Wazee wangu, walimu, nanyi vijana mliokuja na tezo zenu, karibuni.

Watu wa mbali wakisikia Mmakonde, hukumbuka mpingo. Lakini sisi wa Mtwara tunajua lipiko, kinyago chetu cha ngoma, halichongwi kwa mpingo. Lipiko huvaliwa kichwani, na mvaaji anacheza juani vijana wakitoka jandoni. Kwa mpingo shingo ingevunjika! Fundi hutafuta mti mwepesi, akaukomba ndani mpaka ubaki mwembamba. Usoni huweka chale, wakati mwingine na ndonya, lile pambo la mdomoni, na juu hugandisha nywele halisi za mtu kwa nta. Hulichonga porini, mbali na wanawake na watoto wasiopita jando, kwa sababu likitokea uwanjani si fulani kavaa ubao. Ni mzimu umekuja.

Jambo moja vijana wengi hawaambiwi: mchezaji haoni kwa macho ya lipiko, anaona kupitia mdomo wake. Ndiyo maana huliinua kidogo, likawa kama linatazama mbinguni. Nikikuta lipiko lililozibwa mdomo, najua aliyelichonga hakuwafikiria wachezaji, na inaniuma.

Lipo pia la kiwiliwili, lenye matiti na tumbo la mjamzito, ambalo mwanamume hulifunga kifuani akacheza. Wazee husimulia kwamba mtu wa kwanza alichonga mti, akausimamisha nje usiku, kukicha ukawa mwanamke, mama wa Wamakonde. Basi mama yetu sote ametoka mkononi mwa mchongaji. Mimi sijui heshima kubwa kuliko hiyo.

Wabenediktini, watawa wa Kikatoliki, walifika Ndanda, huku huku Mtwara, mwaka 1906. Makanisa nayo yakahitaji misalaba na sanamu za Bikira Maria, na hapo mpingo unafaa, maana sanamu ya altare haichezi; inasimama miaka na miaka. Mpingo ni mzito hata unazama majini, na kiini chake cheusi hakiozi upesi. Napenda zaidi msalaba ambao fundi ameufuata mpindo wa gogo, mwili wa Yesu ukainama pale mti wenyewe ulipoinama.

Kwa hiyo, vijana, kabla tezo haijagusa mti, muulizeni anayeagiza: kitavaliwa, kitabebwa kwenye maandamano, au kitasimama? Akijibu ni cha kutundika ukutani tu, mchongeeni, lakini mdomo wa lipiko uacheni wazi.