Mpaka wa Wilaya na Mtoto wa Shule: Mhadhara kuhusu Shule za Umma katika Miji ya Marekani

Mwenyekiti, walimu wenzangu, wazazi, wanafunzi, hamjambo. Nimeombwa nizungumzie ubaguzi wa rangi na pengo la kipato katika shule za umma za miji ya Marekani. Jambo hili ni pana, na mtu akitaka anaweza kulizungumza hadi usiku. Mimi nitalishika upande mmoja tu, nao ni mpaka: ule mstari unaochorwa kwenye ramani kutenganisha wilaya moja ya shule na nyingine. Wilaya ya shule ni eneo linaloendesha shule zake lenyewe, na kwa kawaida mtoto husoma katika wilaya anamoishi. Naamini kwa dhati kwamba mtu akiuelewa mstari huo, mengi yanayoonekana kama mafumbo yatamfungukia.

Sehemu ya kwanza ya habari hii wengi mnaijua. Tarehe 17 Mei 1954, Mahakama ya Juu ya Marekani, majaji wote tisa kwa kauli moja, iliamua katika kesi ya Brown kwamba kuwatenga watoto kwa rangi katika shule za umma ni kinyume cha Katiba. Wakili aliyeongoza upande wa wazazi Weusi alikuwa Thurgood Marshall, ambaye mwaka 1967 alikuja kuwa jaji wa kwanza Mweusi katika mahakama hiyohiyo. Shikeni jina hilo, tutakutana naye tena. Mwaka 1957 Rais Eisenhower alilazimika kupeleka wanajeshi Little Rock, Arkansas, ili wanafunzi tisa Weusi waweze kuingia darasani. Picha zile mmeziona, na mtu akiishia kwenye picha zile atadhani vita vilikwisha.

Havikuisha. Kilichofutwa na mahakama ni sheria iliyotaja rangi waziwazi. Mstari wa wilaya hautaji rangi ya mtu yeyote.

Tuanze na fedha. Serikali kuu ya Washington hutoa takriban sehemu moja ya kumi ya fedha za shule. Zinazobaki hugawanyika karibu nusu kwa nusu kati ya jimbo na wilaya yenyewe, ingawa majimbo yanatofautiana sana. Wilaya nayo huzipata wapi? Kwa kiasi kikubwa kwenye kodi ya nyumba, ardhi na majengo ya biashara yaliyo ndani ya mipaka yake. Nchi nzima ina wilaya za shule takriban 13,000, na nyingi zina bodi yake, bajeti yake na kodi yake. Chukueni wilaya mbili zinazopakana, zinazotoza kodi kwa kiwango kilekile. Ile ambayo mali yake kwa kila mwanafunzi ina thamani mara tano zaidi itakusanya mara tano zaidi kwa kila mwanafunzi. Hakuna aliyeiba na hakuna aliyevunja sheria, lakini mwenye nacho ameongezewa.

Swali linalofuata ni nani aliruhusiwa kuishi kwenye nyumba zenye thamani, na hapo ndipo rangi inapoingia. Katika miaka ya 1930 shirika la serikali la mikopo ya nyumba lilichora ramani za miji zaidi ya 200, likaipa mitaa madaraja kwa rangi: kijani kwa mitaa bora, nyekundu kwa mitaa iliyohesabiwa kuwa ya hatari. Mitaa ya Weusi karibu yote ilitiwa wekundu. Mwaka 1934 ikaanzishwa taasisi nyingine ya serikali ya kudhamini mikopo ya nyumba, nayo kwa miaka mingi ilikataa kudhamini mikopo katika mitaa ya Weusi, na hata katika mitaa ya wazungu iliyo karibu nayo. Familia ya kizungu yenye kipato cha kawaida ikapata mkopo nafuu, ikanunua nyumba kitongojini, nje ya jiji, nyumba ikapanda bei, na watoto wakarithi. Familia ya Wamarekani Weusi yenye kipato kilekile ikabaki kupanga.

Kaskazini-magharibi mwa Detroit, karibu na barabara iitwayo Eight Mile, kuna ukuta wa zege wa urefu wa takriban nusu maili na kimo cha futi sita. Ulijengwa mwaka 1941. Mfanyabiashara mmoja alitaka kujenga nyumba za kuwauzia wazungu pembeni mwa mtaa wa Weusi, na taasisi ile ya serikali ikakataa kudhamini mikopo kwa sababu Weusi walikuwa karibu mno. Akajenga ukuta kutenganisha pande mbili, na udhamini ukatolewa. Upo hadi leo, na sehemu yake wakazi wameipamba kwa michoro. Ukuta huo unaweza kuugusa kwa mkono. Mipaka ya wilaya za shule haigusiki, na ndiyo maana ni vigumu zaidi kuibomoa.

Sasa naomba tukae kidogo San Antonio, Texas. Mwezi Mei 1968, wanafunzi wapatao 400 wa shule ya sekondari ya Edgewood walitoka madarasani wakaandamana hadi ofisi ya mkuu wa wilaya yao ya shule. Walilalamikia madirisha yaliyovunjika, majengo mabovu, na walimu wasio na sifa. Edgewood ilikuwa wilaya ya watu maskini, na takriban asilimia 90 ya wanafunzi wake walikuwa Wamarekani wenye asili ya Meksiko. Wazazi hawakuwaacha watoto peke yao. Mmoja wao, Demetrio Rodriguez, fundi wa mabati aliyewahi kutumikia jeshi, akawa wa kwanza kwenye orodha ya walioishtaki Texas.

Takwimu zilizowekwa mbele ya majaji ni za mwaka wa masomo wa 1967 na 1968. Nitazisoma polepole, kwa sababu kwangu mimi hakuna hotuba inayoeleza jambo hili vizuri kuliko hizo. Thamani ya mali inayotozwa kodi Edgewood ilikuwa dola 5,960 kwa kila mwanafunzi. Alamo Heights, wilaya ya matajiri iliyomo ndani ya eneo hilohilo la San Antonio, ilikuwa na zaidi ya dola 49,000 kwa kila mwanafunzi. Watu wa Edgewood walijitoza kodi ya dola 1.05 kwa kila dola 100 za mali, kiwango cha juu kuliko wilaya zote za eneo hilo. Alamo Heights walijitoza senti 85. Baada ya kutoa mchango wao katika mfuko wa jimbo, Edgewood walibaki na dola 26 kwa kila mwanafunzi. Alamo Heights walibaki na dola 333.

Tazameni vizuri hapo. Wazazi wa Edgewood walijikamua zaidi ya matajiri. Anayesema wazazi maskini hawajali elimu ya watoto wao ajibu kwanza hesabu hiyo. Hata fedha za jimbo na za serikali kuu zilipojumlishwa, mtoto wa Edgewood alitengewa dola 356 na wa Alamo Heights dola 594.

Mwaka 1973 Mahakama ya Juu iliamua kesi ya Rodriguez kwa kura tano dhidi ya nne, na Rodriguez akashindwa. Jaji Lewis Powell, ambaye kabla ya hapo aliwahi kuwa mwenyekiti wa bodi ya shule ya Richmond, Virginia, aliandika kwamba elimu si haki ya msingi inayolindwa na Katiba ya Marekani, na kwamba mfumo wa Texas, pamoja na kasoro zake, hauvunji Katiba. Thurgood Marshall, sasa akiwa jaji, alipinga kwa maandishi marefu na makali. Alisema taifa linarudi nyuma kutoka kwenye ahadi yake ya usawa wa elimu.

Hiyo ilihusu fedha. Mwaka uliofuata ikaja zamu ya watoto wenyewe.

Detroit wakati huo karibu theluthi mbili ya wanafunzi wake walikuwa Weusi, na wazungu walikuwa wakihamia vitongojini kila mwaka. Jaji wa ngazi ya chini, Stephen Roth, aliona jambo ambalo kila mwalimu angeliona: huwezi kuchanganya watoto ndani ya jiji ambalo wazungu wanalihama. Akaagiza mpango utakaohusisha jiji pamoja na wilaya 53 za vitongojini. Mwezi Julai 1974, katika kesi ya Milliken, Mahakama ya Juu ikauvunja mpango huo. Ilisema vitongoji haviwezi kulazimishwa kushiriki isipokuwa ithibitike kwamba navyo vilifanya ubaguzi, au kwamba mipaka yenyewe ilichorwa kwa nia ya kubagua. Kura zilikuwa tano kwa nne tena, na majaji watano wa upande ulioshinda walikuwa walewale wa kesi ya Rodriguez. Marshall akaonya kwamba kuiacha miji mikubwa igawanyike kuwa miji miwili, mmoja wa wazungu na mwingine wa Weusi, kunaweza kuonekana njia rahisi, lakini ni njia ambayo Wamarekani watakuja kuijutia.

Zisomeni hukumu hizo mbili kwa pamoja. Ya kwanza ilisema fedha si lazima zivuke mpaka. Ya pili ilisema mtoto naye si lazima auvuke. Kwa maoni yangu, miaka hiyo miwili, 1973 na 1974, imeathiri maisha ya watoto wa mijini kuliko 1954, ingawa haina picha za kuwekwa kwenye vitabu vya shule.

Boston inaonyesha kilichobaki baada ya hapo. Mwaka huohuo wa 1974 Jaji Arthur Garrity aliamuru wanafunzi wapelekwe kwa mabasi kutoka mitaa ya Weusi kama Roxbury hadi mitaa ya wazungu kama South Boston, na kinyume chake. Mabasi yalipigwa mawe huku watoto wamo ndani. Chuki ile ilikuwa chuki ya rangi na simtafutii mtu udhuru. Lakini angalieni nani walikutanishwa: watoto wa Weusi maskini na watoto wa wazungu wa kipato cha chini, wote ndani ya jiji. Vitongoji vya matajiri havikuguswa na amri ile.

Na mpaka huu una walinzi. Mwaka 2011, Akron, Ohio, mama mmoja Mweusi alikaa jela siku tisa kwa sababu aliwaandikisha binti zake wawili katika wilaya jirani kwa kutumia anwani ya baba yake mzazi, babu wa watoto hao. Alitiwa hatiani kwa kosa zito la kughushi nyaraka, na wilaya ile ilikuwa imemdai takriban dola 30,000 kama ada ya masomo ambayo, kwa maelezo yao, watoto hawakuwa na haki nayo. Baadaye gavana akapunguza uzito wa hukumu. Mimi ni mzazi, na kila nikiisoma habari hiyo nasimama hapo kwenye neno jela.

Ndani ya mpaka wa maskini, shule inakuwaje? Januari 2018, katika baridi kali, wanafunzi wa Baltimore walikaa madarasani wamevaa makoti na glovu kwa sababu mitambo ya kupasha joto ilikuwa imekufa. Mwaka 2013 Chicago ilifunga karibu shule 50 kwa mpigo, na wengi mno wa watoto walioguswa walikuwa Weusi. Njia mpya za kwenda shule zilipita kwenye mitaa ya magenge, hivyo jiji likaajiri watu wazima wa kusimama kwenye kona asubuhi na mchana, wamevaa fulana za kung'aa, wakiwaangalia watoto wakipita.

Kuna hoja moja nzito ambayo lazima niijibu. Watu husema fedha pekee haziboreshi shule, na kwamba leo yako majiji yanayopata fedha nyingi kwa kila mwanafunzi kuliko baadhi ya vitongoji. La pili ni kweli katika baadhi ya majimbo, na sitalificha. Lakini shule inayopokea watoto wenye njaa, wasio na makazi ya kudumu na wenye mahitaji maalumu ina gharama kubwa zaidi, kwa hiyo usawa wa dola haumpi mtoto huyo usawa wa elimu. Na bado kwa jumla pengo lipo. Mwaka 2019 taasisi ya EdBuild ilikokotoa kwamba wilaya zenye wazungu wengi zilipata dola bilioni 23 zaidi kuliko zenye wasio wazungu wengi, huku idadi ya wanafunzi ikikaribiana. Kuhusu kama fedha zinasaidia, watafiti Kirabo Jackson, Rucker Johnson na Claudia Persico waliwafuatilia watoto hadi utu uzima. Nyongeza ya asilimia 10 ya fedha kwa miaka yote 12 ya shule ilikwenda pamoja na mishahara ya juu kwa takriban asilimia 7, na waliofaidika zaidi ni watoto wa familia maskini.

New Jersey ilisukumwa na mahakama ya jimbo lake, katika kesi za Abbott zilizoanza miaka ya 1980, ikazipa wilaya maskini kama Newark na Camden fedha sawa na vitongoji tajiri, na mwaka 1998 ikaamriwa kuwapa watoto wa miaka mitatu na minne huko elimu bora ya awali. Connecticut, baada ya hukumu ya Sheff ya mwaka 1996, ilifungua shule maalumu zinazochukua watoto wa Hartford na wa vitongojini kwa pamoja, pande zote mbili kwa hiari. Huo ndio mfano ninaoupenda kuliko yote, kwa sababu unagusa mpaka wenyewe. Udhaifu wake ni kwamba kwa miaka mingi watoto waliingia kwa bahati nasibu, na waliokosa walibaki walipokuwa. Pennsylvania nayo, Februari 2023, mahakama ya jimbo iliamua kwamba mfumo wake wa fedha za shule unavunja katiba ya jimbo.

Mtagundua kwamba ushindi wote huo ni wa majimbo. Katika ngazi ya taifa, hukumu ya Rodriguez ingali na nguvu. Wanafunzi wa Detroit walijaribu kupita pembeni yake. Walishtaki wakidai jambo dogo kabisa: haki ya kufundishwa kusoma. Aprili 2020 majaji wawili kati ya watatu wa mahakama ya rufaa waliwakubalia. Mwezi Mei wanafunzi wakafikia mapatano na gavana, na siku chache baadaye mahakama hiyo ya rufaa, kwa kura ya wengi wa majaji wake, ikaamua kesi isikilizwe upya na jopo zima; kwa uamuzi huo hukumu ile ikafutwa, ikabaki bila nguvu ya kisheria. Fedha walizoahidiwa watoto wale, dola milioni 94.4, zilisubiri hadi 2023 ndipo bunge la Michigan likazipitisha.

Naishia hapo. Nakaribisha maswali, na ningependa kuanza na walimu.