Lincoln na Mtu Aliyepigishwa Goti

SALMA: Assalamu alaykum, karibuni tena. Mimi ni Salma, na niko na Mwalimu Kombo, aliyesomesha historia tangu mimi sijazaliwa. Shikamoo, Mwalimu.

KOMBO: Marahaba, binti yangu. Assalamu alaykum, wasikilizaji.

SALMA: Leo ni Abraham Lincoln. Mwalimu, mimi skuli nilikariri sentensi moja tu: rais wa Marekani aliyefuta utumwa.

KOMBO: Na mimi ndiyo niliyokuwa nikiwapa wanafunzi wangu. Si ya uongo, lakini imewafunika watu wengi, na ndiyo maana nimetaka tuizungumze.

SALMA: Basi tuanze na mwenyewe. Katokea wapi?

KOMBO: Kazaliwa Februari 12, 1809, jimbo la Kentucky, katika kibanda cha magogo. Mamake kafariki yeye ana miaka tisa. Siku zote alizokaa darasani ukizijumlisha hazitimii mwaka, akajisomea mwenyewe mpaka akawa wakili. Hayo yameshahadithiwa sana. Mimi nataka uishike safari moja ya mwaka 1841. Alikuwa ndani ya meli ya mvuke, akawaona watu weusi 12 wanapelekwa majimbo ya Kusini mwa Marekani, wamefungwa kwenye mnyororo mmoja. Akaandika katika barua kwamba wamepangwa kama samaki kwenye kamba ya kuvulia.

SALMA: Kama mtungo wa samaki.

KOMBO: Mtungo hasa. Na miaka 14 baadaye akamwandikia rafiki yake, ambaye familia yake ilimiliki watumwa, kwamba lile alilolishuhudia melini lilikuwa likimtesa daima.

SALMA: Kwa hiyo alipogombea urais alisema ataufuta?

KOMBO: Hapana. Mwaka 1860 alichoahidi ni kwamba utumwa hautaenea kwenye ardhi mpya za magharibi. Ulipokuwepo utaachwa. Na hata hilo Kusini hawakulivumilia: kabla hajala kiapo, Machi 1861, majimbo saba yalikuwa yameshajitenga. Majimbo yote yenye utumwa yalikuwa na watumwa karibu milioni nne, na pamba ya Kusini ilikuwa inauzwa duniani kote.

SALMA: Pamba hiyo ilifika hata kwetu. Bibi yangu kile kitambaa kizito kisichopaushwa alikiita marekani.

KOMBO: Umegusa jambo linaloniuma miaka mingi. Wafanyabiashara wa Salem, Massachusetts, walikuja Zanzibar kununua pembe na gundi ya sandarusi, wakaleta kitambaa kilichofumwa viwanda vya Kaskazini kwa pamba ya Kusini. Misafara ikakibeba bara, kikawa kama fedha, kikanunua pembe, kikanunua na watu. Yaani jasho la mtumwa wa Mississippi lilivaliwa Unyamwezi. Vita vilipoanza Aprili 1861, pamba ikaadimika, na Wamarekani wakaanza kulipoteza soko hilo.

SALMA: Sikuwahi kuliwaza hivyo. Sasa vita vyenyewe, vilikuwa vya utumwa au vya kuulinda Muungano, yaani Marekani ibaki nchi moja?

KOMBO: Kwa Kusini, utumwa. Jimbo la Mississippi liliandika waziwazi katika tamko lake la kujitenga. Kwa Lincoln, mwanzoni, Muungano. Agosti 1862 alimwandikia mhariri wa gazeti Horace Greeley kwamba kama angeweza kuuokoa Muungano bila kumwachia huru mtumwa hata mmoja, angefanya hivyo. Mwezi huohuo aliwaita wajumbe weusi Ikulu akawashauri watu wao wahamie nje ya nchi.

SALMA: Hilo linachoma, Mwalimu. Hao watu wamezaliwa pale, wameijenga nchi ile.

KOMBO: Linachoma, wala silipaki sukari. Lakini ujue pia kwamba wakati anaandika ile barua kwa Greeley, rasimu ya tangazo la ukombozi, la kuwaacha huru watumwa, alikuwa nayo tayari. Julai alishawasomea mawaziri wake. Alikuwa anangoja ushindi vitani.

SALMA: Nini kilimsukuma?

KOMBO: Watumwa wenyewe! Hapa ndipo ninapotaka sikio lako. Mei 1861, usiku, watu watatu walipiga makasia mpaka ngome ya Muungano iitwayo Fort Monroe, Virginia. Frank Baker, Shepard Mallory na James Townsend. Walikuwa wanalazimishwa kulijengea jeshi la Kusini maboma. Kesho yake akaja ofisa wa Kusini kuwadai, eti sheria inasema mtumwa mtoro arudishwe. Jenerali Butler, naye wakili, akamjibu: ninyi mmesema ni nchi nyingine, basi sheria yetu mnaidai vipi? Akakataa kuwatoa.

SALMA: Aliwaachia huru?

KOMBO: La, aliwahesabu kuwa mali ya vita iliyotekwa. Neno la aibu, lakini mlango ulishafunguka. Kufikia mwisho wa Julai pale ngomeni walikuwa kama 900, wanawake na watoto na wazee. Kila jeshi la Muungano lilipopiga kambi, watu walitoka mashambani wakalifuata. Sasa rais afanye nini? Awarudishe kwa adui wakamchimbie mahandaki? Waliotembea usiku kwa miguu ndio waliompelekea Lincoln swali asiloweza kulikwepa.

SALMA: Na Januari 1, 1863, akajibu.

KOMBO: Siku hiyo tangu asubuhi alikuwa akipeana mikono na wageni wa mwaka mpya. Aliposhika kalamu kulitia saini tangazo la ukombozi, mkono ukatetemeka. Akaiweka chini. Alihofu watu wakiiona saini imeyumba watasema alisita. Akangoja kidogo, akaandika jina lake kamili, taratibu.

SALMA: Lakini tangazo lenyewe halikuwahusu wote.

KOMBO: Halikuwahusu. Kentucky, Missouri, Maryland na Delaware zilikuwa na watumwa lakini hazikuasi, basi zikaachwa nje. Liligusa maeneo ya waasi, na huko lilitembea na jeshi. Lakini liliruhusu kitu kikubwa: mweusi kushika bunduki. Karibu watu 180,000 waliingia jeshini. Frederick Douglass, aliyetoroka utumwa, akaenda Ikulu Agosti 1863 kumlalamikia rais uso kwa uso kwa nini askari mweusi analipwa pungufu.

SALMA: Na Lincoln alimsikiliza?

KOMBO: Alimsikiliza, ingawa hakumpa yote aliyoyataka. Huo ndio ukubwa wake ninaouona: alikuwa mtu wa kubadilika. Alijua tangazo la wakati wa vita laweza kufutwa amani ikirudi, akasukuma Marekebisho ya 13 ya Katiba, ya kuufuta utumwa nchi nzima. Januari 31, 1865, Bunge la Wawakilishi likayapitisha kwa kura 119 dhidi ya 56.

SALMA: Zimebaki wiki chache.

KOMBO: Aprili 4 aliingia Richmond, makao makuu ya waasi yaliyokuwa yameanguka, kamshika mkono mwanawe Tad. Watu weusi wakamzunguka, wengine wakampigia magoti. Admirali Porter, aliyekuwa naye, amesimulia kwamba Lincoln aliwaambia wasimpigie magoti yeye, wampigie Mungu peke yake. Aprili 11 akasema hadharani kwamba angependa baadhi ya watu weusi, wakiwemo askari, wapige kura. John Wilkes Booth, mwigizaji aliyeunga mkono Kusini, alikuwamo kwenye umati huo. Aprili 14 akampiga risasi.

SALMA: Innalillahi. Na Marekebisho ya 13 yakathibitishwa Desemba, yeye hayupo.

KOMBO: Hayupo. Sasa sikiliza hili. Charlotte Scott, mwanamke aliyekuwa mtumwa, aliposikia kifo hicho alitoa dola tano ili rais ajengewe ukumbusho. Wengine waliokombolewa wakachanga. Sanamu likazinduliwa Washington Aprili 14, 1876, na lipo mpaka leo. Lincoln kasimama, mbele yake mtu mweusi kapiga goti.

SALMA: Kwa fedha yao wenyewe?

KOMBO: Kwa fedha yao, na umbo lake waliamua wazungu. Siku chache baada ya kuhutubia kwenye uzinduzi wake, Douglass aliandika gazetini kwamba kabla hajafa anataka kuona sanamu la mweusi aliyesimama kwa miguu yake kama mtu.

SALMA: Na huyo aliyepiga goti, ni mtu wa kweli?

KOMBO: Sura yake ni ya Archer Alexander, wa Missouri. Mwaka 1863 aliwapasha askari wa Muungano habari kwamba daraja la reli limehujumiwa, kisha akatoroka mpaka St. Louis. Missouri, Salma. Lile tangazo la Januari halikumgusa.

SALMA: Kwa hiyo aliondoka kwa miguu yake.

KOMBO: Kwa miguu yake.