Gemu za Mwezi kwenye PlayStation Plus: Zinaingia Lini, Zinatoka Lini, na Zipi Zinabaki Kwako

Karibu. Kama una PS5 au PS4 na unalipia PlayStation Plus, washa konsoli, shika padi, twende pamoja. Kuna kosa moja linalowakosesha watu gemu kila mwezi: kudhani kwamba kila gemu iliyomo kwenye usajili inafuata utaratibu uleule. Sivyo. Ndani ya huduma hii kuna rafu mbili, na kila moja ina kalenda yake na masharti yake. Ukizichanganya, utaharakia gemu ambayo ungeweza kuiacha hata mwaka mzima, na ile inayoondoka itakupita.

Rafu ya kwanza ni gemu za mwezi, kwa kawaida tatu hivi, mara nyingine zaidi. Hizi ni za kila anayelipia, hata wa kifurushi cha chini kabisa, yaani Essential. Rafu ya pili ni katalogi yenye mamia ya gemu, na hiyo hufunguka kwa wenye Extra au Premium. Kwenye baadhi ya nchi, badala ya Premium utaona Deluxe. Vifurushi hivi vitatu vilianza mwaka 2022. Rafu ya gemu za mwezi ni ya zamani zaidi, inarudi hadi mwaka 2010 huduma yenyewe ilipozinduliwa.

Hatua ya kwanza, tusome kalenda. Gemu za mwezi hubadilishwa Jumanne ya kwanza ya mwezi, si tarehe 1. Orodha mpya kwa kawaida hutangazwa Jumatano ya wiki iliyotangulia. Sasa tazama kalenda hapa kwenye skrini: tuseme mwezi huu umeanza siku ya Jumatano, kwa hiyo Jumanne yake ya kwanza ni tarehe 7. Maana yake ni kwamba gemu za mwezi uliopita bado ziko dukani hadi tarehe 6, na bado unaweza kuzichukua. Mwezi ukianza Jumanne, mabadiliko ni tarehe 1 yenyewe na hakuna siku hata moja ya ziada. Ndiyo sababu muda wa kuchukua huwa wiki nne kwa miezi mingine na wiki tano kwa mingine. Ukikumbuka tarehe 3 kwamba ulisahau, usikate tamaa kabla hujafungua ukurasa.

Katalogi ina siku yake: Jumanne ya tatu, ambayo huangukia kati ya tarehe 15 na 21. Siku hiyo gemu mpya huingia na baadhi ya zilizokuwamo hutoka. Ukiandika Jumanne hizo mbili kwenye simu yako kama kikumbusho cha kujirudia kila mwezi, kazi kubwa imekwisha.

Hatua ya pili ni kuchukua. Hapa tutakaa kidogo, kwa sababu ndipo wengi wanapokosea. Kwenye PS5, kutoka skrini ya mwanzo upande wa gemu, sogea hadi kwenye alama ya PlayStation Plus uifungue. Shuka hadi uone sehemu ya gemu za mwezi, imeandikwa "Monthly Games". Ingia kwenye gemu ya kwanza. Kitufe chake kinasema "Add to Library". Kibonyeze, usubiri. Maandishi ya kitufe yakibadilika kuwa "Download", gemu imeshaingia kwenye maktaba yako. Unaweza kutoka hapo hapo bila kupakua chochote. Rudia kwa gemu ya pili na ya tatu.

Tuseme tena, maana hili ndilo kiini cha video nzima: kuchukua ni jambo moja, kupakua ni jambo jingine. Kuchukua ni kuandika leseni ya gemu kwenye akaunti yako. Ni sekunde chache na hakuli nafasi yoyote ya diski. Kupakua ni kuleta mafaili kwenye konsoli, na kunaweza kusubiri hata miaka miwili. PS5 ya kwanza iliyotoka ina diski ya GB 825, lakini nafasi inayobaki kwako ni kama GB 667. Gemu sita za GB 100 kila moja zinaijaza karibu yote. Anayesema "sina nafasi, mwezi huu naziacha" anapoteza gemu bure, kwa sababu hakuna aliyemtaka azipakue.

Chukua hata ile isiyokuvutia leo. Ladha hubadilika, rafiki atakuomba mcheze pamoja, na muda ukishapita hakuna njia ya kurudi kuichukua kwa usajili.

Ukifungua ukurasa wa gemu ukakuta bei badala ya kitufe cha kuchukua, usilipe. Angalia mambo mawili. Kwanza, toleo. Gemu moja inaweza kuwa na ukurasa wa toleo la kawaida na ukurasa mwingine wa toleo lenye nyongeza, na linalotolewa mara nyingi ni lile la kawaida. Ukitafuta jina la gemu dukani unaweza kuangukia ukurasa usio wenyewe. Ndiyo maana tumeingia kupitia sehemu ya gemu za mwezi, si kwa kutafuta. Pili, akaunti. Usajili umefungwa kwenye akaunti iliyolipia. Kama konsoli inatumiwa na watu watatu na wewe umeingia kwa jina la mdogo wako, utaoneshwa bei.

Na kama hauko karibu na konsoli? Fungua programu ya PlayStation App kwenye simu, au tovuti ya PlayStation Store, ingia kwa akaunti ileile, nenda PlayStation Plus kisha gemu za mwezi, uchukue. Hata gemu ya PS5 unaweza kuichukua wakati bado una PS4 tu. Itakusubiri kwenye maktaba hadi utakapopata PS5. Wenye PS4 wajue jambo hili pia: Sony, kampuni inayomiliki PlayStation, ilitangaza kwamba kuanzia Januari 2026 gemu za PS4 si sehemu kuu ya huduma tena na zitatolewa mara chache. Zile ulizokwisha kuchukua haziguswi na badiliko hilo.

Hatua ya tatu: kujua nini hasa ni chako. Gemu ya mwezi uliyoichukua inabaki kuchezeka mradi usajili wako uko hai, hata kama imeshatoka dukani miaka mingi. Usajili ukikatika, gemu haifutwi, inawekewa kufuli. Ukilipia tena baada ya miezi mitano, kufuli linaondoka na gemu zako zote za zamani zinafunguka. Usichorudishiwa ni gemu za ile miezi mitano uliyokuwa nje. Hizo zilipita ukiwa huna usajili, na malipo ya leo hayarudi nyuma. Vivyo hivyo kwa anayejiunga leo kwa miezi 12: anaanza na orodha ya mwezi huu, si za mwaka jana.

Kuna mtego mdogo hapa. Usajili unaojilipia wenyewe unategemea kadi. Kadi ikigoma siku mbili kabla ya Jumanne ya kwanza na hukuwa umechukua gemu, muda unafungwa ukiwa nje ya mlango. Dawa yake ni kuchukua siku ileile zinapotoka, si mwishoni.

Sasa katalogi. Huku kuchukua hakukuokoi. Unaweza kuwa umeipakua gemu, umeicheza saa 30, imebaki sura moja, lakini siku ikiondolewa inafungwa hata kama usajili wako ni wa Premium. Sababu ni mikataba: mchapishaji huikodisha gemu kwa huduma kwa muda maalumu, na muda ukiisha wakakosa kuongeza, inatoka. Ndani ya PlayStation Plus kuna sehemu inayoitwa "Last Chance to Play". Hizo ndizo zinazoondoka kwenye badiliko linalofuata. Ipitie kila mara unapofungua huduma, kabla ya kuangalia kilichoingia.

Ukiikuta humo gemu unayoitaka, piga hesabu kwanza. Zimebaki siku 14. Unacheza wastani wa saa moja na nusu kwa siku, hizo ni saa 21. Gemu ya hadithi ya saa 12 utaimaliza vizuri na nafasi ya kupumua. Gemu ya kuigiza mhusika (RPG) ya saa 60 usiianze kabisa, labda uwe tayari kuinunua. Hesabu hii ya dakika moja ina faida kuliko orodha ndefu ya gemu ulizoanza ukaziacha katikati.

Gemu ikishatoka, mafaili yanabaki kwenye diski na sevu yako, yaani rekodi ya ulipofikia, inabaki pale pale. Vikombe ulivyopata, yaani tuzo za mafanikio ndani ya gemu, navyo havifutwi. Ukiamua kuinunua, kwa kawaida unaendelea ulipoishia bila kupakua upya, lakini hakikisha unanunua toleo lilelile ulilokuwa unacheza. Sevu ya PS4 haihami yenyewe kwenda toleo la PS5; ni lazima gemu iwe na njia ya kuihamisha, na si zote zinazo. Kujua ulikuwa unacheza lipi, weka mshale juu ya gemu, bonyeza kitufe cha "Options", ufungue taarifa zake.

Nyongeza nazo zinahitaji tahadhari. Ramani, wahusika au sura za ziada ulizonunua kwa pesa yako ni zako daima, ila haziwezi kusimama bila gemu yenyewe. Kununua nyongeza ya gemu iliyomo kwenye katalogi ni kukubali kwamba siku gemu ikitoka, nyongeza italala hadi ununue gemu.

Tuje kwenye kufuli lisilotarajiwa. Umewasha konsoli, unajua usajili uko hai, lakini gemu imefungwa. Anza kwa kuuliza ilitoka rafu gani: kama ni ya katalogi na Jumanne ya tatu imepita, umeshapata jibu. Kama ni gemu ya mwezi uliyoichukua, hakikisha konsoli iko kwenye intaneti na umeingia kwa akaunti iliyolipia. Ikiendelea kugoma, kwenye PS5 nenda Settings, kisha "Users and Accounts", kisha "Other", uchague "Restore Licenses". Kwenye PS4 iko chini ya "Account Management". Hatua hii haifuti sevu wala gemu. Inasoma upya leseni za akaunti yako, na mara nyingi kufuli linatoka papo hapo.

Hapohapo kwenye "Other" ya PS5 kuna "Console Sharing and Offline Play". Ikiwashwa kwenye konsoli yako kuu, ndugu zako wenye akaunti zao kwenye konsoli hiyo wanaweza kucheza gemu ulizochukua wewe. Mtu akilalamika kwamba yeye pekee nyumbani anaona kufuli, angalia hapa kwanza.

Wenye Xbox, neno fupi. Game Pass, usajili wa gemu wa Xbox ulioanza mwaka 2017, inafanya kazi kama katalogi: gemu huingia kwa mafungu, na huondoka mara mbili kwa mwezi, karibu na tarehe 15 na mwisho wa mwezi. Zinazotoka huwekwa pamoja chini ya "Leaving Soon", na zikiwa bado humo wanachama huweza kuzinunua kwa punguzo la hadi asilimia 20. Zamani kulikuwa na gemu za mwezi za kuchukua, Games with Gold, lakini mpango huo ulifungwa Septemba 2023. Ukiona maelekezo yanayokuambia uzichukue, ni ya kabla ya hapo.

Hatua ya mwisho ni kwa anayetaka kupumzika kulipa. Nenda Settings, "Users and Accounts", "Account", "Payment and Subscriptions", kisha "Subscriptions". Zima malipo ya kujirudia. Usajili haukatiki siku hiyo. Unaendelea hadi tarehe uliyokwisha kulipia, na tarehe yenyewe imeandikwa palepale. Kabla haijafika, fanya mambo mawili. Chukua gemu za mwezi zilizopo, kwa sababu zitakungoja siku utakaporudi. Kisha angalia sevu zako. Sevu za mtandaoni ni sehemu ya usajili, na sevu za gemu za PS5 huwezi kuzinakili mojamoja kwenye flashi, kwa hiyo kama kuna sevu iliyoko mtandaoni tu, ishushe kwenye konsoli ungali na ruhusa.